Kinanda cha Mwalimu Malugu

Waya ulishuka na treni ya Jumanne,
umefungwa ndani ya soksi moja ya mtoto.
Nikapanda baiskeli nao hadi Ng'ambo,
kwa Bi Nyamizi, mjane wa mwalimu wa kwaya.

Kinanda kilikuwa juu ya kabati, chini ya khanga,
umri wake na wangu sawasawa.
Fa moja imepoteza weupe kwa kidole kilekile.
Mgongoni, matundu mawili ya duara,
kila moja na vishimo vitano, kama uso wa dadu.

Kompyuta haikukijua.
Nikachomeka, nikachomoa, nikapuliza vumbi,
nikaizima, nikaiwasha, nikaibembeleza.
Chai ikapoa, ikaletwa nyingine.
Kumbe kosa lilikuwa dogo, la aibu:
kinachotoka huku ndicho kiingiacho kule,
nami nilikuwa nimekutanisha mdomo na mdomo,
sikio na sikio.

Nikageuza. Kitaa cha waya kikakonyeza.

"Sasa sauti yake inapita humo?"
Hapana, mama. Sauti haipiti.
Kinachopita ni kidole tu:
kimegusa wapi, kimeondoka lini.
Sauti utaichagua mwenyewe, filimbi, zeze, upendavyo.

Akanyamaza. Kisha:
"Kila Krismasi nabadilisha betri zake sita.
Aliniusia zisiishe. Hakusema kwa nini."

Ndipo nikakiona kitufe cha kumbukumbu, namba tatu.
Nikabonyeza.

Vikaanza kuingia kwenye kioo vijiti vya kijani,
kimoja, viwili, halafu manyunyu, halafu mvua:
vidole vya mtu tuliyemzika masika ya mwaka juzi
vinapanda na kushuka ngazi,
mkono wa kushoto una haraka, wa kulia haujali.

Katikati, pengo.
Programu ikauliza, kwa adabu zake zote, kama inyooshe,
irudishe kila nota kwenye mstari.
Nilikuwa nimeshafika kwenye "ndiyo."

"Hapo," akasema Bi Nyamizi,
"hapo alikuwa analamba kidole afunue ukurasa.
Nimemkanya miaka thelathini.
Ile karatasi ya kanisa ina wino mchungu."

Sikunyoosha.
Nikahifadhi pengo lilivyo, na ulimi wake ndani.

"Nikuwekee sauti gani, mama?"
Akaikunja khanga mara mbili, akaikunjua.
"Yoyote," akasema,
"ila isiwe tamu kumzidi."