Tone Kwenye Kijiko

Motiejus ana miaka kumi na minne
na midomo kama ganda la mkate mweusi
uliosahauliwa ovenini.
Kesho saa nne atapuliza tarumbeta makaburini,
na redio imesema nyuzi kumi na nane chini ya sifuri.
Amejipima usiku huu chumbani:
nota mbili zimetoka safi,
ya tatu imetoka na damu.

Basi nimewasha jiko.

Duka la dawa la Varėna limeshafungwa,
na kile kijiti cha waridi cha dada yake
kinanukia pipi, kinalambwa, kinakwisha,
midomo inarudi ilikokuwa, na deni juu.

Nta ipo juu ya kabati, ndani ya soksi ya sufu:
donge la mwisho, ukubwa wa yai la bata,
rangi ya chai iliyozidi maziwa.
Ubavuni lina alama ya dole gumba.
Alilibonyeza Agosti, likiwa bado vuguvugu,
kujua kama limeganda.
Dole la baba.
Na baba ndiye wa kesho.

Nakwangua upande wa pili.

Sufuria kubwa, maji; ndani yake bakuli dogo,
lielee kama mtoto karaini.
Nta haitaki moto wa ana kwa ana.
Ipe mvuke, ipe muda.
Mafuta ya alizeti yaliyolala wiki sita na maua ya kalendula
nayachuja kwa leso,
nakamua hadi viganja vinang'aa.
Vijiko vitatu.
Cha nne kimeniponyoka tu,
maana mama ameingia na theluji mabegani
akasema, "Nimewaambia."

Ametoka kwenye mizinga.
Amegonga mmoja mmoja kwa funguo za nyumba,
akawaambia nyuki Zenonas hayupo,
msihame, sisi tupo.
Huku kwetu mbu hufa, nzi hufa, farasi naye hufa;
nyuki hufariki, kama mtu.
"Wamejibu?"
"Wamevuma kidogo. Usiku huu, baridi hii,
ungewataka wafanye nini?"

Tone moja kwenye kijiko kilicholala nje dirishani.
Linaganda. Namwita Motiejus, anapaka,
anaweka tarumbeta mdomoni, anaitoa.
"Inateleza, mama. Itanihama."
Mafuta yamezidi. Kile kijiko cha nne.
Dawa yake nta, na nta iliyobaki
ni kipande kimoja, chenye dole.

Nakishika. Nakiweka. Nakishika tena.
Mistari yote imo, hata kovu
la kisu cha kukatia masega.
Mama anamenya viazi vya wageni, hanitazami.
"Alikuwa anabonyeza kila kitu yule," anasema.
"Mkate. Siagi. Mashavu ya watoto wa watu."

Nakwangua.
Kovu linaondoka kwanza.

Sikujua nta ina harufu nyingi hivi:
moshi wa kufukizia, mbao za msonobari,
koti lake la kazi mlangoni,
ambalo hakuna aliyethubutu kulitungua.

Tone la pili linakataa kusogea kijikoni.
"Hii inakaa," anasema Motiejus,
na midomo inang'aa kidogo tu, kwa adabu.

Imetosha vikopo viwili vya vidonge vya moyo
nilivyovichemsha mchana.
Lebo zimegoma kubanduka:
Z. Kimoja asubuhi, kimoja usiku.
Namimina bila kupumua.
Pembezoni panaganda kwanza, katikati panadidimia,
pakabaki kishimo. Ndivyo nta ilivyo,
husinyaa ikipoa.
Motiejus anatia dole gumba kishimoni.
Linaenea.

"Nipake lini?"
Mama anainua kikopo kwenye taa,
anasogeza miwani, anasoma taratibu
kama mtu anayesoma barua:
"Kimoja asubuhi."
Kisha anakitia kwenye soksi ya sufu,
na soksi anaiweka chini ya mto wa mtoto
isije ikagandamana na usiku.