Fumba Macho Kwanza

Fumba macho kwanza, husema Lavinia Mazyck,
maana kule chini hutakuwa nayo.
Mto Cooper ni chai ya rangi iliyolala birikani:
mita tatu tu, na tochi yako imekuwa
punje ya mtama, kisha si kitu.
Unabaki na vidole.

Miaka thelathini na mmoja alimshikia daktari wa meno
taa, na kile kibomba cha kufyonza mate.
Sasa kila Jumapili baada ya ibada
wapiga mbizi humletea ndoo za matope,
tukangoja jikoni kwake, soksi zikichuruzika,
kama wagonjwa waliopewa namba.

Shika. Upande huu bapa ulitazama nje, ulitazama dunia.
Huu wenye kitumbo ulitazama koo.
Sasa pitisha ukucha ukingoni.
Ukucha, nimesema! Kidole utakililia;
limekaa kaburini miaka milioni kadhaa
na bado linadai damu.

Ukiteleza tu, laini tupu, hamna msumeno,
hilo ni la mako wa kale. Zuri. Mpe mtoto.
Ukikwaruzwa na meno juu ya jino,
makubwa, hayalingani, kazi ya seremala mlevi,
na jino lenyewe jembamba kama biskuti,
huyo ni papa mweupe. Yungali hai,
mwache na shughuli zake.
Lakini zikija chembe ndogondogo, sawasawa,
kama ukingo wa sarafu mpya,
usishangilie bado. Shuka.
Shuka mpaka shingoni, taji linapokutana na mzizi.
Pana ukanda pale, mpana, umepinda
kama mabawa ya ndege aliye mbali?
Megalodoni hatoki bila mkufu wake.

Na mabegani?
Vijino viwili vya pembeni, vimesimama wima kama walinzi:
umemshika mhenga wake, angustidensi.
Vimeyeyuka nusu, kama sabuni ya mwisho wa mwezi:
chubutensi, aliyekuwa njiani kuviaga.

Jeusi, la kijivu, la rangi ya asali, yote sawa.
Rangi ni habari ya kaburi,
si ya marehemu.

Ndipo Ransom Vereen alipokuja na lake
limefungwa kwenye leso. Hakulizamia.
Alilinunua kwenye maonyesho, dola mia tisa,
zawadi ya baba yake aliyelazwa.
Lilijaa kiganja cha Lavinia, likazidi.
Alifumba macho. Akakawia.
Friji ikanguruma, ikanyamaza.
Akaunusa mzizi, akaomba sindano,
akaichoma motoni mpaka ikawa nyekundu,
akaigusisha.
Jikoni kukanuka ndoo ya plastiki iliyoungua.

"Taji ni la kweli," alisema. "Mzizi ni gundi na unga wa mfupa.
Kazi safi. Nimeziona nyingi vinywani
mwa watu waliotabasamu kanisani leo."

Jino la pembe si dawa ya pengo,
nasi sote tulitazama sakafu.
Ransom akalifunga tena, pembe kwa pembe,
mabega yakamtikisika; nilidhani analia.
"Baba mwenyewe," akasema, "hana hata moja lake.
Watapatana."

Jumatatu nilizama peke yangu.
Kigae cha chupa. Taya la kulungu.
Kitu cha mviringo, kina mfuniko, nikakiacha.
Mkondo ulinivuta kiunoni kama mtoto mwenye haja.
Kisha changarawe ikanipa kitu kizito,
cha baridi kuliko maji.

Nilivua glavu.
Bapa huku. Kitumbo huku.
Ukucha ukapanda ukingoni, chembe, chembe, chembe,
ukafika kwenye ncha, haikuvunjika,
ukarudi chini upande wa pili.
Nilikuwa nimefumba macho, sijui kwa nini,
gizani mle.
Nikashuka mpaka shingoni,
nikatafuta mkufu.