Herufi Moja

Miaka kumi na tisa Mpiga Chapa wa Serikali amenilipa,
mimi Eudocia Ccahuana, niwinde koma zilizopotea.
Sheria za Peru hupita chini ya rula yangu ya bati,
mstari kwa mstari,
kabla hazijaanza kuuma watu.

Jumanne moja ikaletwa sheria mpya, karatasi bado ina joto.
Kifungu cha nne: Kampuni ya Shaba ya Altonorte
inaruhusiwa kuchota, kugeuza na kuhifadhi
maji yote ya Mto Yuramayu
kwa miaka sitini, bila ushuru,
kwa manufaa ya taifa.

Yuramayu.
Rula ikasimama.
Mama yangu kazaliwa ukingoni mwa mto huo.
Ni Yuraqmayu, Mto Mweupe,
na hiyo q hutoka kooni,
kama kokwa iliyokataa kumezwa.
Wizara haiwezi kuikosea: ramani yao niliisahihisha mwenyewe.

Nikainua macho.
Ukutani kalenda ya kampuni, zawadi ya Krismasi,
kila meza ya ghorofa ya tatu inayo.
Machi: mto, alpaka wawili wamesimama kama wanadaiwa,
na chini yao, kwa wino wa dhahabu,
Yuramayu.

Basi nikajua nani kapika na nani kapakua tu.
Husemwa serikali ina mkono mrefu.
Sawa.
Sikuwahi kuuliza glavu kashona nani.

Don Hermógenes, mkuu wangu, akapita na kikombe chake.
"Kuna kosa, Eudocia?"

Nikiitia ile q, mto wa mama unachotwa kihalali.
Nikiiacha, kampuni imepewa maji yote
ya mto ambao Mungu hajauumba.

"Hakuna," nikasema.
Nikagonga muhuri, nikarudi nyumbani,
nikakaanga mayai matatu badala ya mawili.

Wiki sita nilitembea kama mwenye mimba ya siri.
Mama akapiga simu: magari yamefika, makubwa kuliko kanisa,
yamezima injini.
Vijana wenye kofia za plastiki wanagombana na makaratasi,
mmoja kamuuliza yeye, mama, mto huu unaitwaje,
naye kamtamkia vizuri, mara tatu,
ile q akaivuta mpaka kijana akarudi nyuma.
Nilicheka hadi jirani akagonga ukuta.

Kisha Ijumaa, saa kumi na moja jioni,
saa ambayo mambo mabaya hupenda kuchapwa,
ikaja Amri ya Rais, ibara moja tu:

Kuanzia leo, mto uitwao Yuraqmayu
utajulikana kama Yuramayu
katika ramani zote, vitabu vyote vya shule
na kibao cha darajani.

Sikujua serikali inaweza kukimbia hivyo.
Daraja lenyewe tuliliomba miaka kumi na mmoja.

Nikalaza rula.
Nikasoma kinyumenyume, neno la mwisho kwanza,
kama tulivyofunzwa, ili maana isitupumbaze.
Darajani. Cha. Kibao. Na.
Koma mahali pake.
Nukta mahali pake.

Don Hermógenes alikuwa mlangoni, kikombe mkononi,
koti limeshavaliwa.
"Kuna kosa, Eudocia?"

Mama, haki ya Mungu, nilitafuta.