Teo

Dada yangu, Meja Akeyo, alipiga simu saa nane usiku
kutoka nchi ambako jua lilikuwa halijatua.
"Leo wamenizungusha," akasema.
Nikadhani ni wale watu wa ofisi, wa njoo kesho, faili halionekani.
"La. Wamenizungusha hasa.
Kwenye mkono wa chuma mrefu kama trela ya miwa,
mpaka uzito wangu ukawa mara nane,
shavu likahama,
machozi yakakimbilia masikioni."

Nilikaa kitandani Ahero, simu sikioni,
nikaliona teo.

Mfereji wa tatu. Mpunga unatia maziwa.
Dungu la miti minne, paa la gunia la mbolea,
na Akeyo juu yake tangu alfajiri, miaka tisa,
uji wake kwenye kibuyu, umepoa.
Teo la katani alilisuka mwenyewe.
Bonge ni udongo wetu mweusi wa Kano,
ule unaokamata kiatu kama mtu unayedaiwa naye.
Zungusha.
Zungusha.
Achia.
Kwelea waliinuka elfu kwa elfu,
anga ikakunjika kama shuka inayokung'utwa na watu wawili.
Mimi nilifuata bonge, lianguke wapi nilikimbilie.
Yeye alifuata ndege:
nani amegeuka kwanza,
na wa nyuma wamejuaje.

Uwanjani Kisumu, siku ya kuandikisha askari,
walimhesabu meno kama ndama wa mnada.
Mama akauliza, "Jeshi linataka meno.
Huko juu zaidi watataka nini?"
Tulicheka. Hatukujua kuna huko juu zaidi.

Mwaka wa sita wa kurusha ndege za vita
alipita chini mno juu ya mpunga wetu, bila ruhusa.
Vyungu vililia rafuni. Kwelea hawakurudi siku mbili.
Nanyuki walimketisha chini majuma matatu,
na Baba, ambaye hakuwahi kumsifu mtu,
alisema mavuno ya msimu ule yalikuwa na magunia manne ya Akeyo.

Kisha asubuhi moja injini ikavuta ndege.
Aliiteremsha imekufa, kimya, kama kanga ya kuazimwa:
polepole, isichanike.
Wale wazee wa jopo, huko ng'ambo, walimtaka aeleze.
Akawaambia kwanza kwa lugha yetu, apate kujisikia:
"Ndege alimezwa na ndege.
Mmoja alikufa, moja ilitua."
Mkalimani alishika kalamu, akaiweka.
"Kosa lilikuwa la nani?"
"Yeye alikuwa kwake. Mimi ndiye niliyekuwa nikipita."

Walianza watu elfu nne. Wamebaki tisa.
Wamempima mifupa, mboni, urefu wa kila kidole kwa ajili ya glavu.
Wamemfungia siku sita katika chumba kisicho na dirisha
ambamo rubani mmoja mkubwa, mwenye nishani, alianza kuongea na soksi zake.
"Wewe je?"
"Mimi nilikuwa dunguni," akasema. "Ila hapakuwa na mbu."

Halafu akanyamaza. Nikasikia pumzi yake,
na nyuma yake mashine fulani ikivuma.
"Omondo. Lile bonge,
unadhani lilikuwa linajua linaachiwa lini?"

Ningesema neno kubwa. Sikuwa nalo.
Nikamwambia lango la mfereji limevunjika tangu Jumanne,
kamati wanarushiana lawama,
na maji yote yanakwenda kwa akina Odera.
Alicheka mpaka akakohoa.
Akataka kujua ni bawaba ipi, ya juu au ya chini.
Ya chini, nikasema.
"Ile ile," akasema, na salio likakatika.

Nilitoka nje. Teo lingali kwenye msumari wake
nyuma ya mlango wa ghala, limekauka, panya wamelionja.
Nililizungusha tupu, gizani,
juu ya kichwa changu chenye mvi za kwanza.
Halikuwa na kitu cha kuachia.
Lilivuma tu,
na upande wa mpunga ndege mmoja, asiye na usingizi,
akajibu.