Kabla ya Kutazama Chini

Mundhir, mwana wa kaka yangu, ameisimamisha katuni
kwa kidole: punda mwenye koti amepita ukingo wa jabali,
anakimbia hewani, miguu inazunguka kama feni,
haanguki. "Mpaka atazame chini, shangazi."

Nafundisha fizikia Mabela, wasichana wa darasa la kumi.
Neno kama hilo silipitishi.
Tukapanda juu ya paa saa kumi na moja,
matangi ya maji bado yanaunguza mkono.
Nikampa kandambili ya baba yake, aliyoisahau mlangoni.
Iachie.
Simu yangu ikahesabu, picha kwa picha:
sehemu ya kumi ya sekunde, upana wa vidole vyake vinne;
nusu sekunde, kimo chake mwenyewe;
sekunde nzima haikutimia, vumbi uani.

"Ilitazama chini?"
Kandambili haina macho, mwanangu. Na dunia haina.
Haingoji itazamwe ndipo ivute.
"Basi punda mwongo."

Nikanyamaza. Maana Zahran, baba yake,
kampuni ya Ghala ilimpa barua tangu Shaabani,
na kila asubuhi bado anapiga pasi kanzu,
anafunga kilemba, anabeba mkoba, anaaga.
Nimeliona gari lake ufukweni Azaiba,
kiyoyozi kinanguruma, yeye ndani, mkoba mapajani,
hadi saa nane mchana.
Miezi mitatu anatembea juu ya hewa.
Sikugonga kioo.

Kalete mayai, nikamwambia mtoto. Mawili.
La kwanza sakafu ya uani ililipokea; unajua.
La pili tukalitegea magodoro, moja juu ya jingine.
Likazama, likainuka kidogo, likatulia. Zima.
Kimo kile kile, nikasema, kasi ile ile.
Kinachovunja si kuanguka. Ni kusimama ghafla.
Akalibeba kwa viganja viwili hadi jikoni,
akakataa lisikaangwe.

Usiku nikampigia Zahran. Sikuuliza kazi.
Nikasema: Ijumaa njooni nyote, mlale,
mkate wa kumimina upo,
na chumba cha nyuma nimeshatandika,
kaeni mtakavyo.

Simu ikawa kimya.
Nikahesabu, ndiyo mazoea yangu:
sekunde nne. Mita sabini na nane.

Kisha sauti yake, ndogo:
"Umejua tangu lini?"