Saladi, Kibokoni

Boflo ya juzi ishakuwa ngumu, ya kugongea mlango.
Mwanasiti alitaka kuitupa. Nikamwambia, lete.
Nikaikata vipande vidogo kama dadu,
nikavikaanga kwa kitunguu saumu
hata jirani akauliza dirishani: "Mwapika nini leo?"

Majani nimeyatoa Marikiti alfajiri.
Nimeyaosha mara tatu, nikayafuta moja moja
kwa leso kuukuu, kama mtoto atokaye kuoga.

Kisha bakuli: kiini cha yai, ndimu, haradali,
mafuta tone kwa tone, mkono usisimame.
Ukifanya pupa hukatika, na hapo huna dawa.

Miaka ishirini na sita niliwachanganyia wageni kule Nyali,
nikirudi usiku nala wali wa baridi,
taa sijawasha, nisimwamshe.

"Haya si ya mbuzi?" aniuliza.
Adokoa kipande cha mkate. Chalia kacha.
Cha pili. Cha tatu.
Kisha majani, kwa vidole,
na pilipili yake ya kukamua, hakuniuliza.

Hasemi kitu.
Bakuli alipangusa kwa ganda la boflo,
nami ndipo nakumbuka
kwamba sijaonja.