Upande wa Pili wa Karatasi

Tulianza na kioo cha mbele cha Pijo
iliyofia uani kwa kina Mukalay, mtaa wa Katuba.
Tukakilaza juu ya matofali, taa chini yake,
na Chola akasema: hii ndiyo studio.
Tulicheka. Mbuzi wa jirani alikuwa bado anatafuna kiti cha nyuma.

Karatasi hatukuwa nazo.
Baba yake Chola akavuta sanduku la bati chini ya kitanda:
hati za mshahara za miaka ishirini na saba,
tarehe, namba ya kazi, makato ya unga,
na muhuri wa Kampuni iliyomwambia arudi nyumbani asubiri.
"Geuzeni," alisema. "Huko nyuma hawakuandika kitu."

Basi tukamchora yeye.
Kofia ya chuma, kopo la chakula,
anashuka mgodini, anatoka, anarudi kula bukari yake.
Michoro kumi na miwili kwa kila sekunde.
Mguu unainuka: wa kwanza. Goti linakunjika: wa tatu.
Kisigino hakijagusa vumbi, wa saba,
umeme umekwenda.

Umeme wa Lubumbashi ni mgeni asiyeaga.
Huondoka saa moja jioni, hurejea saa nane za usiku,
na sisi tuliamka nao kama mzazi wa kichanga:
Dezire kwenye macho, Chola kwenye mikono,
mimi Ngosa kwenye vivuli, kwa kuwa nyuso zilinishinda.

Mama Feza, muuza makala, alichungulia dirishani:
"Mtu yuleyule mnamchora mara elfu mbili.
Kwani amewakosea nini?"

Mwaka wa pili tuliichezesha sabuni.
Nalisema, ingawa Chola hapendi lisemwe:
kipande cha sabuni chenye miguu, kikikata mauno ukingoni mwa beseni
kwa sekunde thelathini.
Walilipa. Tukanunua skana
na jenereta iliyokohoa kumshinda mzee.
Dezire alingoja sabuni imalize kucheza,
akazikunja kalamu zake kwenye kitambaa,
akapanda basi la Kasumbalesa.
Barua moja tu ilifika, ya kutoka Joburg:
anachora twiga wa watu.

Kisha mvua ya Februari, kupitia bati la kona.
Asubuhi, mchoro wa mia sita na kumi
hadi wa mia sita hamsini na saba
ulikuwa uji.
Sekunde nne. Pale pale anapofika kwenye mdomo wa shimo.
Shimo lenyewe lilikuwa kwenye kadibodi, likapona.
Mzee tulikuwa tumemzika Novemba. Hati zilikwisha.
Tulijaribu karatasi za dukani, nyeupe pande zote mbili,
mikono ikakataa.

Tukaonyesha hivyo hivyo.
Shuka ukutani, uwanja wa parokia, viti vya kukodi.
Mtu anatembea, anatembea,
hayupo.
Shimo, na vumbi.
Halafu yuko tena, ng'ambo, na kopo lake mkononi.

Mwanamke wa safu ya tatu alisimama.
"Ndivyo alivyopotea," akasema, wala hakupaza sauti.
"Ila wangu hakutokea upande ule."

Waliokuja na daftari walituuliza ni nani aliyebuni zile sekunde nne.
Chola akawajibu: mvua.

Sasa tuko watano. Kodi ya miezi mitatu tunadaiwa,
na kuna bia inataka kuimba.
Vijana wanachora juu ya kioo kidogo chenye betri,
hawajui harufu ya karatasi iliyolala na nondo.
Lakini Pijo lingali juu ya matofali yake.
Usiku, umeme ukirejea na wote wamelala,
naweka hati moja juu ya kioo, nawasha taa:
mzee anatembea,
na kifuani mwake, herufi zikisomeka kinyumenyume,
makato ya unga.